Michael Grzimek: Mpigapicha aliyezikwa ukingoni mwa Ngorongoro

Na Mwandishi Wetu

JUMAMOSI ya Januari 10, 1959, ndege ndogo ya injini moja, iliyopakwa milia meupe na meusi mfano wa pundamilia, ilianguka katika nyanda za kaskazini mwa Tanganyika. Ndani yake alikuwamo mtu mmoja tu. Alikuwa rubani, mtafiti wa wanyama na mpigapicha za sinema, na alikuwa amebakiza miezi mitatu kutimiza miaka 25.

Jina lake aliitwa Michael Grzimek, Mjerumani mzaliwa wa Berlin. Ndege yake iligongana angani na tumbusi, yule ndege mkubwa mla mizoga ambaye kila aliyefika Serengeti amemwona akizunguka juu ya mabaki ya mawindo ya simba. Bawa la ndege liliharibika, mitambo ya kuiongoza ikakwama, nayo ikashuka chini kwa kasi isiyompa rubani nafasi ya kujiokoa.

Alizikwa ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro, mahali ambapo mtu akisimama huiona bonde yote chini yake hadi upande wa pili. Watalii wanaopita barabara ile kuelekea Serengeti huonyeshwa piramidi ya mawe iliyojengwa juu ya kaburi lake. Wengi hupiga picha na kuendelea na safari. Ni wachache wanaojua kwamba filamu aliyoiacha ikiwa haijakamilika ndiyo iliyolipeleka jina la Serengeti katika kumbi za sinema za Ulaya na Marekani, miaka miwili kabla Tanganyika haijapata uhuru wake.

Michael alizaliwa Aprili 12, 1934. Baba yake, Dk. Bernhard Grzimek, alikuwa daktari wa mifugo mwenye kupenda wanyama kuliko kawaida, kiasi kwamba nyumba yao haikukosa mnyama wa mwituni aliyelelewa pamoja na watoto. Sokwe walikaa sebuleni. Si ajabu basi kwamba kijana yule alikua akimtazama mnyama kama jirani, wala si kama kitu cha kutisha au cha kupigwa risasi.

Vita Kuu ya Pili ilipomalizika mwaka 1945, Bernhard alikabidhiwa bustani ya wanyama ya jiji la Frankfurt. Kukabidhiwa huko kulikuwa kwa jina tu. Mabomu yalikuwa yameibomoa karibu yote, na wanyama waliobaki hai walikuwa wachache sana. Wapo waliotaka ifungwe kabisa. Yeye akaifungua upya mwaka huo huo, na kuiongoza hadi alipostaafu mwaka 1974. Katika mazingira hayo ya magofu, uhaba na ujenzi mpya ndimo Michael alimopatia ujana wake, huku akijifunza kushika kamera.

Haikuchukua muda kabla bustani ile haijahitaji wanyama wapya, na baba na mwana wakaanza kuja Afrika. Katikati ya miaka ya 1950 walikwenda Kongo iliyokuwa chini ya Ubelgiji, katika msitu wa Ituri, makazi ya okapi, mnyama wa jamii ya twiga mwenye miguu yenye milia, ambaye wanasayansi wa Ulaya hawakumjua hadi mwanzoni mwa karne ya ishirini. Safari ya kutafuta wanyama wa kufungiwa uani iliwafungua macho kwa jambo jingine. Waliona misitu ikikatwa, mashamba yakipanuka na bunduki zikiongezeka, wakatambua kwamba wanyama wale walikuwa wakipoteza mahali pa kuishi.

Bernhard aliandika kitabu juu ya yale waliyoyaona. Michael ndiye aliyeshikilia kwamba kitabu hakitoshi, na kwamba ni lazima itengenezwe filamu ya rangi ya kuonyeshwa katika kumbi za kawaida za sinema, ambako watu hulipa kiingilio ili wafurahi.

Wakati huo kijana hajatimiza hata miaka 22. Filamu za Afrika zilizozoeleka Ulaya na Marekani zilikuwa za namna moja: Mzungu mwenye kofia pana, bunduki, simba anayeruka, na mwanamke anayepiga kelele. Wapo watengenezaji waliofikia hatua ya kuwafungia wanyama uani ili wapiganishwe mbele ya kamera. Filamu isiyo na shujaa wala risasi, inayosema kwamba mwenye hatari si simba bali binadamu, ilionekana kuwa njia ya haraka ya kuifilisi familia.

Ilitoka mwaka 1956 ikiwa na jina lenye maana ya kwamba wanyama wa porini hawana tena nafasi. Katika tamasha la filamu la Berlin la mwaka huo ilipata Dubu wa Dhahabu kwa upande wa filamu za kumbukumbu, na watu walipanga foleni kuitazama. Badala ya kufilisika, wakajikuta na fedha.

Hapa ndipo Serengeti inapoingia katika maisha ya Michael.

Hifadhi ya Taifa ya Serengeti ilikuwa imeanza mwaka 1951, ikiwa ndani yake na nyanda za nyasi fupi za mashariki pamoja na nyanda za juu za Ngorongoro. Lakini humo humo waliishi Wamaasai na mifugo yao, na mgogoro kati yao na wakuu wa hifadhi ukazuka mara moja. Mwaka 1956 Serikali ya kikoloni ya Waingereza ilitoa pendekezo la kuikata hifadhi vipande, sehemu kubwa ya mashariki iachwe kwa wafugaji. Wahifadhi wa Ulaya na Marekani wakapiga kelele. Profesa W. H. Pearsall, mtaalamu wa mimea kutoka Uingereza, akatumwa kuchunguza, kisha ikaundwa kamati mwaka 1957. Kila upande ulikuwa na hoja zake, lakini hakuna aliyeweza kujibu swali ambalo hata mtoto angeuliza: wanyama hawa ni wangapi, na wakiondoka huenda wapi?

Baba na mwana Grzimek walikuja na fikra ya kununua ardhi kwa fedha za filamu ili iongezwe kwenye hifadhi. Mkurugenzi wa hifadhi za Tanganyika wakati huo, Luteni Kanali Peter Molloy, aliwaeleza kwamba ardhi si kitu cha kununuliwa hivyo, na kwamba kilichokosekana zaidi ni maarifa. Kama wanataka kusaidia, basi wawahesabu wanyama na kufuatilia njia zao za kuhama kabla mipaka mipya haijachorwa.

Kwa gari kazi hiyo haikuwezekana. Serengeti ya leo ina kilometa za mraba 14,763, na eneo la kuhama kwa nyumbu linavuka mipaka hiyo pande zote. Ilihitajika ndege. Hakuna kati yao aliyejua kurusha ndege, hivyo wakajifunza, baba akiwa na umri wa karibu miaka 50 na mwana akiwa na miaka 23. Wakanunua ndege aina ya Dornier Do 27, yenye mabawa juu ya kichwa cha rubani, inayoweza kuruka polepole sana bila kuanguka na kutua penye nafasi finyu. Namba yake ya usajili ilisomeka D-ENTE, na ente kwa Kijerumani ni bata. Waliipaka milia ya pundamilia, jambo lililowafurahisha watazamaji wa filamu baadaye, lakini lilikuwa na sababu yake: ndege yenye milia ikianguka katika nyika ya kahawia huonekana kwa urahisi na wanaoitafuta.

Desemba 1957 waliondoka Ujerumani na kuirusha wenyewe hadi Afrika Mashariki, safari ya kiasi cha kilometa 10,000, wakifuata kwa sehemu kubwa mkondo wa Mto Nile.

Katika majuma ya kwanza ya mwaka 1958 hesabu ikaanza. Waliigawa nyika vipande vipande, wakaruka kwa mistari iliyo sambamba, huku watazamaji wakihesabu kila upande wa ndege. Anayedhani ni kazi nyepesi na ajaribu kuhesabu mbuzi wanaokimbia sokoni Vingunguti, kisha afikirie kundi la nyumbu maelfu, vumbi, na sakafu inayotikisika chini ya miguu yake. Hesabu ya mwisho ilikuwa wanyama wakubwa 366,980. Kati yao nyumbu walikuwa kiasi cha 99,000, pundamilia 57,000 na swala wa aina mbili, tomi na granti, karibu 195,000.

Tarakimu hizo ziliwashtua wengi, kwa sababu makisio ya awali yalizungumzia wanyama wengi zaidi. Leo inafahamika kwamba hata wao walikosea kwa kupunguza. Hesabu zilizofanywa miaka michache tu baadaye ziliwakuta nyumbu zaidi ya 200,000, ongezeko ambalo uzazi peke yake usingeweza kulileta kwa muda ule. Lakini kosa hilo haliondoi ukweli kwamba kabla yao hakuna aliyekuwa amejaribu kuihesabu Serengeti nzima kutoka angani. Wote waliokuja baadaye walikuwa na kitu cha kusahihisha.

Kazi ya pili ilikuwa kufuatilia njia za wanyama, nayo ilikuwa na vituko vyake. Ili kumtambua mnyama mmoja kati ya maelfu waliofanana, ilibidi atiwe alama. Dawa za kulaza wanyama zilikuwa bado katika hatua za majaribio, kwa hiyo walimfukuza pundamilia kwa gari hadi mtu mmoja akamdaka mkia, wakamzuia, wakamvisha mkanda wa rangi shingoni na kumwachia. Baadaye Michael alipopita juu na ndege alitafuta mikanda ile. Walikusanya pia sampuli za nyasi ili wajue ni kwa nini nyumbu huacha eneo lenye majani marefu na kwenda kwenye nyasi fupi za mashariki wakati wa masika.

Na wakati wote huo kamera ilikuwa inazunguka.

Kwa msomaji wa leo ambaye simu yake hurekodi saa nzima bila kusita, yafaa kueleza kazi ile ilikuwaje. Sinema za siku hizo zilipigwa kwa mkanda wa plastiki. Futi 400 za mkanda wa milimita 35 huisha kwa muda usiotimia dakika tano, kisha lazima kamera ifunguliwe gizani na kupakiwa upya. Simba anaweza kulala saa sita bila kufanya lolote na akaamka sekunde ile mkanda unapokwisha. Hakukuwa na namna ya kutazama papo hapo kama picha imetoka vizuri. Mkanda ulipaswa kusafishwa maabara, na mpigapicha alijua makosa yake akiwa amekwisha kuondoka mahali alipoyafanyia. Vumbi la Serengeti, laini kama unga wa muhogo, huingia katika kila tundu la mashine.

Michael aliyafanya hayo huku akiwa pia ndiye rubani. Picha za angani za makundi ya nyumbu yakiinama kama nyasi mbele ya upepo, na kivuli cha ndege kikikimbia juu ya migongo yao, zilikuwa ngeni kabisa kwa watazamaji wa wakati ule. Tumezizoea sasa, kwani kila filamu ya Serengeti tangu siku hizo imezirudia kwa namna yake.

Hakuishia kwenye uzuri. Alipiga picha pia za mitego ya waya ya majangili, mistari mirefu ya vitanzi iliyofichwa katika vichaka, na wanyama waliokufa humo bila hata kuchukuliwa. Ndege ilimwezesha kuona kambi za majangili ambazo askari wa hifadhi, waliokuwa wachache mno kwa eneo lile, wasingezigundua kwa miguu.

Mwaka 1958 ulipokuwa unakwisha, filamu ilikuwa inakaribia kukamilika, lakini bado kulikuwa na matukio yaliyokosekana. Ndipo akaajiriwa kijana mwingine mpigapicha, Alan Root, mzaliwa wa London aliyekulia Kenya, naye akiwa na umri wa miaka 21 tu. Vijana hao wawili walifanya kazi pamoja kwa muda mfupi. Siku ya Januari 10 Michael alipaa peke yake, na hakufika.

Nyuma yake aliacha mke aliyekuwa mjamzito na mtoto mdogo wa kiume. Mtoto wa pili alizaliwa bila kumwona baba yake.

Bernhard Grzimek alikuwa na kila sababu ya kufunga mizigo na kurudi Frankfurt. Alichofanya ni kuikamilisha filamu, Root akimalizia sehemu zilizobaki, na kuandika kitabu cha jina lile lile akiweka jina la mwanawe kando ya lake. Filamu ilitoka mwaka huo huo wa 1959 kwa jina la Kijerumani Serengeti darf nicht sterben, yaani Serengeti isiachwe ife. Bodi ya Ujerumani Magharibi iliyokuwa ikipima thamani ya filamu ilitaka baadhi ya maneno ya msimulizi yaondolewe ndipo itoe daraja la juu. Baba akakataa. Maneno hayo, aliyoyasimamia kana kwamba ndiyo wosia wa mwanawe, yalihusu wazo kwamba wanyama wa Afrika ni urithi wa binadamu wote, sawa na majengo mashuhuri ya kale ambayo hakuna anayethubutu kuyabomoa.

Aprili 1960, huko Marekani, filamu ilipewa Oscar ya filamu bora ndefu ya kumbukumbu. Hiyo ilikuwa mara ya kwanza kwa filamu ya Kijerumani kushinda katika kundi hilo. Mtu aliyepiga picha zake nyingi alikuwa kaburini kwa zaidi ya mwaka mmoja.

Je, filamu iliiokoa Serengeti? Jibu si jepesi kama wanavyopenda kusema waongoza watalii. Uamuzi wa mipaka ulikuwa umekwisha kutolewa mwaka 1958, kabla hakuna mtazamaji yeyote aliyekata tiketi. Nyanda za mashariki, ambazo baba na mwana walionyesha kwamba nyumbu huzitegemea kwa sehemu ya mwaka, ziliondolewa katika hifadhi ya taifa na kuwekwa, pamoja na kreta, ndani ya Eneo la Hifadhi ya Ngorongoro lililoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1959, ambamo watu na wanyama wangekaa pamoja. Hifadhi ya Serengeti iliongezewa ardhi upande wa kaskazini kuelekea mpaka wa Kenya. Kwa upande wa mipaka, basi, waliyoyataka hawakuyapata yote.

Na kuna waliolipa gharama. Aprili 1958 wazee 12 wa Kimaasai walitia saini makubaliano ya kuhama kutoka Serengeti, wakiahidiwa kwamba upande wa Ngorongoro wangeishi na mifugo yao na kuchimbiwa maji. Bernhard Grzimek aliamini kwa dhati kwamba hifadhi ya taifa haipaswi kukaliwa na mtu yeyote, awe mweupe au mweusi, na filamu ilibeba imani hiyo. Mtazamaji wa Munich au Chicago alitoka ukumbini akiwa na picha ya nyika isiyo na mwenyewe. Mwandishi wa makala haya anaona hapo ndipo penye upungufu mkubwa wa kazi ile nzuri: kamera iliyowaona nyumbu kwa uvumilivu wa ajabu haikuwa na subira kama hiyo kwa wafugaji ambao mababu zao walichunga ng'ombe katika nyasi zile zile. Mjadala huo haujazimika. Tangu mwaka 2022 Serikali imekuwa ikiwahamishia Msomera, wilayani Handeni, wakazi wa Ngorongoro, ikisema wanahama kwa hiari, huku baadhi ya wakazi na watetezi wao wakipinga maelezo hayo, na wengi wanaohamishwa ni wajukuu wa walioahidiwa mwaka 1958.

Jambo jingine ambalo hata Michael asingelitabiri ni kwamba nyumbu waliongezwa na chanjo ya ng'ombe. Ugonjwa wa sotoka, ulioingia Afrika Mashariki mwishoni mwa karne ya kumi na tisa na kuua ng'ombe wa Wamaasai kwa wingi, ulikuwa pia ukiwaua ndama wa nyumbu kila mwaka. Mifugo iliyozunguka Serengeti ilipochanjwa, ugonjwa ukatoweka kwa wanyamapori mwanzoni mwa miaka ya 1960. Kufikia mwishoni mwa miaka ya 1970 nyumbu walikuwa kiasi cha milioni 1.3, na idadi hiyo imebaki karibu na hapo tangu wakati huo. Sotoka yenyewe ilitangazwa kutokomezwa duniani mwaka 2011. Ng'ombe, ambaye alionekana kuwa adui wa hifadhi, ndiye aliyedungwa sindano iliyojaza nyika.

Nguvu ya filamu ilijitokeza kwingine. Ilileta fedha, na ikaleta watu. Bernhard, ambaye tangu mwaka 1956 alikuwa na kipindi cha wanyama katika televisheni ya Ujerumani, akawa mmoja wa watu wanaojulikana zaidi nchini mwake. Aliingia studio akiwa na duma au nyani begani, na mwisho wa kipindi akaomba michango. Inasimuliwa kwamba aliwahi kuwatangazia watazamaji kuwa inawezekana kwenda kuwaona wanyama wa Afrika Mashariki kwa bei ya mtu wa kawaida, wakati hakuna wakala aliyekuwa akiuza safari hiyo. Simu za mawakala zikalia mfululizo, nao wakalazimika kuianzisha.

Alikutana mara kwa mara na Mwalimu Julius Nyerere, ambaye Septemba 1961, miezi michache kabla ya uhuru, alitoa mjini Arusha tamko la kuahidi kwamba nchi changa itawalinda wanyama wake. Kwa Serikali iliyokuwa na shule za kujenga na hospitali za kuendesha, ahadi hiyo ilikuwa nzito. Fedha za nje zilisaidia kuibeba.

Kule Banagi, kituo ambacho Michael alikitumia, ilijengwa maabara ya utafiti iliyopewa jina lake. Kutokana na mbegu hiyo ikazaliwa Taasisi ya Utafiti ya Serengeti mwaka 1966, na makao yakahamia Seronera. Watafiti wa simba, fisi, nyasi na nyumbu waliopita hapo ni wengi, wakiwamo Watanzania waliokuja kuziongoza taasisi za wanyamapori za nchi yao. Shirika la Wanyama la Frankfurt, ambalo Bernhard aliliongoza kwa miaka mingi, lingali likifanya kazi Serengeti. Ngorongoro iliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 1979, na Serengeti ikafuata mwaka 1981. Wazo lile lile ambalo bodi ya Ujerumani ilitaka kulifuta katika filamu likawa andiko la kimataifa.

Na Alan Root? Yule kijana aliyeitwa kumalizia kazi ya mwenzake akawa mpigapicha mashuhuri kuliko wote waliowahi kufanya kazi hiyo Afrika Mashariki. Alitengeneza filamu juu ya mwaka mzima wa nyumbu, juu ya viboko wa Mzima Springs, na juu ya mchwa na vichuguu vyao, filamu ambayo iliteuliwa kuwania Oscar. Alirusha puto juu ya Serengeti na juu ya Kilimanjaro. Alinusurika ajali za ndege, nyoka na kiboko, akafariki dunia Kenya Agosti 2017 akiwa na miaka 80. Mtu hawezi kujizuia kuwaza Michael angetengeneza nini kama angepata hata nusu ya miaka hiyo. Orodha ya filamu ndefu zenye jina lake ina mbili tu.

Bernhard Grzimek alifariki dunia Machi 13, 1987 jijini Frankfurt, akiwa na umri wa miaka 77, wakati akitazama maonyesho ya chui-milia katika sarakasi akiwa na watoto. Majivu yake yaliletwa Tanzania na kuzikwa kando ya mwanawe. Piramidi ya mawe pale ukingoni ina maandishi yanayoeleza kwamba Michael alitoa kila alichokuwa nacho kwa ajili ya wanyama wa Afrika, pamoja na uhai wake.

Tumbusi bado huzunguka juu ya bonde lile asubuhi, hewa inapoanza kupata joto. Ni ndege wanaopaa juu kupita kiasi. Novemba 1973 mmoja wa aina ya Rüppell aligongana na ndege ya abiria juu ya Ivory Coast, katika kimo cha zaidi ya mita 11,000. Lakini sumu inayotegwa kwa ajili ya simba na fisi huwaua wao kwanza, kwa sababu ndio wanaowahi mizoga. Tangu mwaka 2015 tumbusi wa Rüppell wamo katika orodha ya viumbe walio katika hatari kubwa kabisa ya kutoweka.